Aliyeshika Kalamu: Wachumi, Watumishi wa Umma na Historia ya Mfuko Wetu

Hii ni hotuba niliyoitoa katika ukumbi wa Tononoka, Mombasa, mbele ya wanafunzi, walimu, wafanyabiashara na wazee wa mitaa. Wengi mlioikosa mmeniomba niiweke hapa nzima. Picha zilizoonyeshwa ukutani nimeziacha. Maneno ni yale yale.

Assalaam alaykum. Bwana asifiwe. Wazee wangu, mama zangu, ndugu zangu vijana, hamjambo?

Mtoto wa shule ukimwambia akutajie waliojenga Kenya, atakutajia nani? Atataja marais. Atataja wapiganaji wa msituni, na ni haki yao kutajwa. Atamtaja Mekatilili wa Menza, na sisi wa Pwani tutampigia makofi. Sasa mwulize hivi: ni nani aliyeamua mwaka 1965 kwamba fedha za maendeleo ziende huku na zisiende kule? Ni nani aliyeagiza mahindi mwaka 1984? Ni nani aliyepandisha riba mwaka 1993 mpaka wafanyabiashara wakalia, na shilingi ikapona? Hapo atanyamaza. Na wewe mzazi wake utanyamaza pamoja naye.

Leo nimekuja kuwasemea hao. Watu wa faili. Watu waliokaa ofisini Nairobi, wakaandika aya moja, wakatia sahihi, wakaenda zao nyumbani kula chakula cha jioni, na aya ile ikasafiri ikafika Kinango, ikafika Garsen, ikakaa huko miaka na miaka. Nataka tuwajue kwa majina. Wa kushukuriwa ashukuriwe, na wa kuulizwa aulizwe.

Nianzie hapa hapa kwetu, Kilindini. Wazee mnakumbuka, au mlisimuliwa na baba zenu, habari za migomo ya makuli. Januari 1947 mji huu ulisimama. Bandari kimya, reli kimya, hoteli kimya. Wafanyakazi wakakutana uwanjani, wakauita Kiwanja cha Maskini, na Chege Kibachia akawa msemaji wao. Serikali ilimkamata mwaka huo huo ikampeleka kizuizini mbali na pwani. Madai yao lakini hayakwenda kizuizini. Mwaka 1955, nchi ikiwa chini ya sheria za hali ya hatari, makuli wakagoma tena. Safari hii alikuja kijana wa miaka 24 kutoka Nairobi, Tom Mboya. Kabla ya hapo kijana huyo alikuwa mkaguzi wa afya wa halmashauri ya jiji, mtumishi wa umma wa kukagua usafi. Aliwasihi makuli warudi kazini, kisha akaingia kwenye mazungumzo amebeba hesabu: mshahara kiasi gani, kodi ya chumba kiasi gani, unga kiasi gani. Makuli walipata nyongeza ya asilimia 33. Hesabu ilifanya kazi ambayo rungu lisingeifanya.

Namtaja Mboya kwa sababu miaka 10 baadaye yeye ndiye alikuwa Waziri wa Mipango ya Uchumi, na mezani mwake ndipo ulipotoka Waraka wa Bunge Nambari 10 wa 1965. Msaidizi wake katika wizara alikuwa Mwai Kibaki, aliyesomea uchumi Makerere na London School of Economics, akafundisha Makerere, kisha akaacha ualimu akaingia siasa. Vijana wasomi, wenye nia njema, na nchi haijatimiza hata miaka miwili ya uhuru. Waraka uliitwa wa ujamaa wa Kiafrika. Ulizungumza mambo mazuri mengi: usawa, utu, kupiga vita umaskini, ujinga na maradhi.

Lakini ndani yake mlikuwa na aya moja ambayo mimi nataka kila mtoto wa Pwani aijue. Ilisema, kwa maana yake, kwamba fedha za maendeleo ziwekezwe pale zitakapozaa zaidi: penye ardhi nzuri na mvua, penye usafiri na umeme tayari, na penye watu walio wepesi kupokea maendeleo. Pakishatajirika hapo, faida itawafikia wengine baadaye.

Jamani, hebu tuulizane. Mwaka 1965, penye barabara na umeme palikuwa wapi? Palikuwa pale pale mkoloni alipojikatia mashamba yake. Penye ardhi nzuri na mvua palikuwa wapi? Pale pale. Na ni nani aliyekaa na kupima kwamba Mduruma, Mpokomo au Msomali wa Wajir si mwepesi wa kupokea maendeleo? Hakuna aliyepima. Iliandikwa tu. Na likishaandikwa, ofisa wa wilaya anayeomba kisima anajibiwa kwa waraka. Anayeomba barabara ya lami kutoka Lamu anajibiwa kwa waraka. Hakuna aliyehitaji kuwachukia watu wa Tana ili wakose maji. Ilitosha kuifuata aya.

Palikuwa na aliyeona. Julai ya mwaka huo huo mchumi mwingine kijana, Barack Obama, baba yake yule aliyekuja kuwa rais wa Marekani, alichapisha makala kwenye jarida la East Africa Journal akiuhoji Waraka huo. Aliuliza juu ya wageni kushika biashara kubwa, na juu ya mgawanyo wa mali. Alikuwa amerudi kutoka Harvard juzi juzi, na angeweza kunyamaza akatafuta cheo. Akaandika. Mimi namheshimu kwa hilo. Namheshimu Mboya pia, aliyeuawa kwa risasi Nairobi tarehe 5 Julai 1969 akiwa na miaka 38, na kifo chake kiliinyima nchi hii mtu ambaye pengine angeisahihisha aya yake mwenyewe. Kumheshimu mtu hakunizuii kusema kwamba aya ile ilituumiza.

Na tusidhani kalamu ya kwanza kutuumiza ilikuwa ya 1965. Sheria ya hatimiliki za ardhi ya 1908 ilimtaka kila mwenye dai la ardhi hapa Pwani alete dai lake lisajiliwe. Aliyejua kusoma na aliyekuwa karibu na ofisi alisajili. Mmijikenda aliyekuwa shambani kwa babu yake hakusajili, na ardhi isiyosajiliwa ikawa mali ya serikali. Maskwota tunaowaona leo, wanaoishi kwenye ardhi wasiyo na hati yake, walitokea kwenye daftari la ofisi kabla hawajatokea shambani.

Sasa nisije nikawafanya mkadhani kalamu ya ofisa kazi yake ni kuumiza tu. Mnywe chai kidogo.

Wakulima wadogo Waafrika walikuwa wakizuiwa kulima mazao ya fedha. Mpango wa Swynnerton wa 1954, ulioandikwa na ofisa wa kilimo kwa jina hilo, ndio uliofungua mlango kwa upana, ingawa shabaha yake ya siasa ilikuwa kuwatuliza watu wakati wa vita vya Mau Mau. Mwaka 1964 ikaanzishwa KTDA, halmashauri ya chai ya wakulima wadogo, na kuanzia 1970 ikaongozwa na Charles Karanja. Walioshika mashamba makubwa walikuwa wakisema mkulima mwenye nusu ekari hataweza kutoa chai nzuri. Halmashauri ikasimamia jambo moja kwa ukali: majani mawili na chipukizi, basi, na yafike kiwandani siku hiyo hiyo. Leo chai hiyo inauzwa wapi? Hapa! Mnada ulihamia Mombasa kutoka Nairobi mwaka 1969. Aliyewahi kuingia chumba cha waonjaji pale mjini anajua: bakuli nyeupe zimepangwa mstari mrefu, majani yaliyochemshwa yamewekwa kando, muonjaji anavuta kijiko kimoja kwa kishindo, anatema, anataja daraja la chai, BP1 hii, PF1 ile, anasogea. Kwa kijiko kile mama wa Nyeri au Kericho anajulikana atalipwa kiasi gani. Bandari yetu imekula chai hiyo miaka mingi, kuanzia mpakiaji mpaka karani wa meli, na waliofanya iwezekane ni maofisa wa kilimo waliotembea shamba kwa shamba.

Nije kwenye mwaka 1984. Hapa nitakaa kidogo, mnivumilie, maana kisa hiki hakisimuliwi vya kutosha.

Mvua ya masika mwaka huo ilikosa. Sijui ni wangapi humu wanaikumbuka. Wenye umri wangu mnakumbuka ugali wa yanga, yale mahindi ya manjano. Mimi nilikuwa mwanafunzi hapa mjini, na tulikuwa tukilalamika juu ya rangi yake na harufu yake, mama akatuambia mle, mnyamaze. Tulilalamikia rangi. Hebu fikirini maana yake: katika mwaka wa ukame mbaya kuliko wote tuliokuwa tumeuona, watoto wa Mombasa walikuwa na nafasi ya kulalamikia rangi ya ugali. Mwaka huo huo jirani zetu Ethiopia, ambako ukame ulikutana na vita na utawala mbovu, watu walikufa kwa malaki.

Kwa nini sisi hatukufa? Kwa sababu mahindi yaliagizwa mapema, tena kwa fedha zetu wenyewe. Serikali haikukaa kungoja msaada. Msaada ulikuja, lakini ulikuja nyuma. Meli zilianza kutia nanga Kilindini kabla mwaka haujaisha, makuli wakapakua, magunia yakapanda reli na malori. Na mahindi mengi hayakugawiwa bure barabarani. Yalipita njia ile ile ya kila siku, bodi ya nafaka, wasagaji, duka la mtaani, kwa hivyo mwenye kujiweza alinunua, na chakula cha bure kikabakia kwa asiyejiweza.

Mkisikia hivyo mnaona ni jambo la kawaida. Si la kawaida hata kidogo! Kuagiza mahindi ng'ambo kunataka dola, na nchi isiyo na dola hata iwe na huruma kiasi gani itaomba tu. Miaka miwili kabla, mwaka 1982, Kenya ilikuwa taabani: jaribio la mapinduzi mwezi Agosti, madeni, bei za kahawa zimeshuka. Waliokuwa wameshika hesabu ni Harris Mule, katibu wa kudumu wa Wizara ya Fedha tangu 1980, mchumi mtulivu kutoka Ukambani, na Philip Ndegwa, aliyeingia ugavana wa Benki Kuu mwishoni mwa 1982. Walibana matumizi. Wakaipunguza thamani ya shilingi. Wakakataa mawaziri waliokuja na miradi yao mikononi. Hakuna aliyewapenda kwa hilo wakati ule; nani humpenda anayekunyima? Lakini bei ya chai ilipopanda, akiba ya fedha za kigeni ikapata nafasi ya kukua, na ukame ulipogonga mlango, dola zilikuwapo. Wahenga walisema akiba haiozi. Akiba ile ililiwa ugali.

Mule hakuwa mtu wa majukwaa. Mtafuteni katika vitabu vya shule, mtamkosa. Mimi nasema ametulisha, na wanaofundisha historia hapa ukumbini nawaomba wamweke kwenye somo lao la kwanza la muhula.

Sasa nawaletea mwingine, wa cheo cha chini kabisa. Mwaka 1992, ndani ya Benki Kuu, alikuwapo karani kijana, David Munyakei. Kazi yake ilikuwa kushughulikia karatasi za fedha za wauzaji wa bidhaa nje. Serikali ilikuwa na mpango wa kumlipa muuzaji nje asilimia 20 juu ya thamani ya bidhaa zake, ili nchi ipate dola. Kampuni moja, Goldenberg, ikapewa haki ya peke yake ya kuuza nje dhahabu na almasi, na ikalipwa asilimia 35. Dhahabu na almasi! Enyi vijana wa jiografia, almasi ya Kenya inachimbwa wapi? Haichimbwi. Dhahabu yetu wakati ule ilikuwa kidogo mno. Karani anaziona karatasi zinapita, zinalipwa, zinapita tena. Wakubwa wake wanaziona pia, wenye shahada kubwa kuliko zake.

Yeye akatoa nakala. Zikafika kwa wabunge wa upinzani, zikasomwa bungeni 1993, nchi ikashtuka. Munyakei alipata nini? Alikamatwa akishtakiwa chini ya sheria ya siri za serikali. Baadaye akaachiliwa, lakini kazi alishafutwa. Mnajua alikwenda wapi? Alikuja hapa. Alikuja Mombasa akaanza maisha upya, akaishi kati yetu, na wengi waliompita barabarani hawakujua ni nani. Tume ya uchunguzi ilipoundwa 2003 alikwenda kutoa ushahidi. Alikufa 2006, katika umaskini. Mtu aliyeiokolea nchi mabilioni alikufa bila kitu, na mimi nikilisema hili hasira hunipanda, na sitaki iniishe.

Hasara ya miaka ile kila nyumba iliilipa. Noti zilichapishwa, uchaguzi wa 1992 ukapita, na mwaka 1993 mfumuko wa bei ukapita asilimia 40. Akina mama mnakumbuka: unga wa asubuhi na unga wa wiki ijayo haukuwa bei moja. Hapo, Julai 1993, akaletwa Micah Cheserem kuwa gavana wa Benki Kuu. Yeye ni mhasibu aliyetoka kwenye makampuni ya biashara. Alifunga benki zilizokuwa zikichezea fedha za umma, akauza hati za Hazina, yaani serikali kukopa kwa wenye fedha, kwa riba iliyopita asilimia 70 ili azivute noti zilizozagaa. Shilingi ikasimama mwaka uliofuata. Lakini tusimpe sifa bila hesabu yake. Riba ile iliwabana wenye mikopo wadogo wadogo, na serikali ikabaki na deni la ndani zito. Dawa ilikuwa kali, na aliyemeza si aliyeleta ugonjwa. Mtu wa Mackinnon mwenye duka la vitambaa hakuuza hata gramu moja ya dhahabu ya uongo.

Kabla sijamaliza, nitaje na binti yetu wa Pwani. Mwaka 2006 hadi mapema 2007 aliyekaimu ugavana wa Benki Kuu alikuwa Jacinta Mwatela, mwana wa Taita. Wakati huo kampuni ya simu ilikuwa ikiomba ruhusa ya kuwawezesha watu kutumiana pesa kwa simu. Sheria ya jambo hilo haikuwapo. Ofisa mwoga angesema, sheria haipo, rudini nyumbani. Benki Kuu ikakagua, ikataka fedha za wateja ziwekwe kando benki, haikuweka pingamizi, na Machi 2007 M-Pesa ikaanza. Mabenki yalipolalamika mwishoni mwa 2008, serikali ikafanya uchunguzi, ikaiacha iendelee. Wauza samaki wa Marikiti leo wanalipwa kwa simu kwa sababu mtu fulani ofisini hakuogopa.

Narudi kwenye aya yetu ya 1965. Ilifutwa na nini? Na aya nyingine. Katiba ya 2010, kifungu cha 204, inaunda Hazina ya Usawazishaji: nusu asilimia ya mapato ya taifa kila mwaka, kwa miaka 20, kwa maji, barabara, afya na umeme katika maeneo yaliyoachwa nyuma. Kaunti nazo zikahakikishiwa si chini ya asilimia 15 ya mapato. Ikaundwa Tume ya Ugavi wa Mapato, na mwenyekiti wake wa kwanza akawa nani? Cheserem yule yule. Tume ilipotoa orodha ya kwanza ya kaunti zilizoachwa nyuma, zilikuwa 14. Katika kaunti 6 za Pwani, 5 zimo: Kwale, Kilifi, Tana River, Lamu, Taita Taveta. Serikali yenyewe ilikuwa imekiri kwa maandishi kile ambacho wazee wetu walikuwa wakikisema tangu siku za Ronald Ngala, kiongozi wa siasa wa Pwani wakati wa uhuru. Fedha za Hazina hiyo zimechelewa mno kutoka, na kuchelewa huko nako ni kazi ya kalamu ya mtu. Mtu huyo ana ofisi, ana cheo, anaweza kuandikiwa barua.

Kwa hivyo vijana mnaosoma uchumi, uhasibu, takwimu: najua mnatamani benki na kampuni za simu, mishahara mizuri. Naomba baadhi yenu muende Hazina. Muende idara ya mipango ya kaunti, mkakae kwenye ile meza inayoandika aya. Msiwaachie wengine watupime kama tu wepesi wa kupokea maendeleo.

Na sisi wengine? Sheria ya usimamizi wa fedha za umma ya 2012 imetaja tarehe. Waraka wa mkakati wa fedha wa kaunti unafika bunge la kaunti kabla ya tarehe 28 Februari. Makadirio ya bajeti yanafika kabla ya tarehe 30 Aprili. Umma lazima uitwe kusema. Nimehudhuria vikao hivyo, na viti vingi huwa vitupu. Wakati mwingine tangazo limetoka jana yake, na hilo pia tulipinge. Asiyekuwepo na lake halipo. Tuchague watu kutoka kila wadi, wawili au watatu, wenye kujua hesabu na wenye kujua mtaa, waombe nakala, waisome kifungu kwa kifungu, watuletee hapa Tononoka kabla ya kikao. Karatasi ya majina iko kwa katibu pale mlangoni.

Mwenyekiti, nimeona mikono mingi. Tuanze na wale wasichana wa safu ya nyuma.